Pedi za TENS zibandikwe wapi kwa mtu aliyeumia uti wa mgongo?

Swali: Shikamoo mtaalamu. Mdogo wangu alianguka kutoka juu ya mnazi miezi 14 iliyopita, akaumia uti wa mgongo usawa wa T10 (pingili ya kumi ya kifua) na kufungwa vyuma. Miguu haina nguvu wala haihisi chochote, lakini analalamika nyayo zinawaka moto usiku kucha, na kiunoni anabanwa kama kafungwa mkanda. Tulimnunulia mashine ndogo ya TENS, ile ya kutuliza maumivu kwa umeme mdogo unaopita kwenye ngozi. Muuzaji alituambia tubandike pedi nyayoni kila siku ili “kuamsha neva”. Wiki ya tatu sasa, hakuna nafuu, na juzi tumeona wekundu kisiginoni. Tunakosea wapi? Na je, itamsaidia kutembea?

Jibu: Marahaba. Kwanza toeni hizo pedi nyayoni leo hii, kisha tuzungumze.

Moto anaousikia nyayoni hautoki nyayoni. Unazalishwa juu, kwenye uti uliojeruhiwa na kwenye ubongo uliokosa taarifa za miguu. TENS nayo haiamshi neva iliyokufa. Inachofanya ni kusisimua nyuzi nene za neva, zile za mguso, ili taarifa zake zikifika kwenye uti zipunguze kasi ya taarifa za maumivu kupita. Melzack na Wall walilieleza jambo hili mwaka 1965 kwa mfano wa lango. Sasa taarifa ya kutoka mguu wa mdogo wako inakwama kwenye T10, haifiki juu. Umeme unaingia kwenye ngozi bure, na ukiunguza, mwenyewe hajui.

Huo wekundu wa kisigino, ubonyezeni kwa kidole. Ukiachia na pasibadilike kuwa peupe, au wekundu ukidumu zaidi ya nusu saa baada ya kisigino kuondolewa godoroni, uhesabuni kuwa ni mwanzo wa kidonda. Wekeni mto chini ya shavu la mguu ili kisigino kining'inie kabisa, na mpelekeni akaonwe. Kwa ngozi nyeusi wekundu huenda usionekane vizuri, hivyo pimeni pia joto na ugumu kwa kugusa.

Mkanda wa kiunoni ni habari nyingine. Hayo ni maumivu ya mpakani, pale hisia zinapoishia, na hapo ndipo TENS ina nafasi ya kusaidia. Nasema nafasi, kwa sababu tafiti zilizofanyika kwa waliovunjika uti ni ndogo na majibu yake yanapishana.

Kabla ya kubandika, chorani mpaka. Afumbe macho. Chukueni pamba, anzeni kifuani ubavuni, shukeni sentimita 2 kwa 2 mkimuuliza kama anahisi. Mara nyingine ulizeni bila kugusa, maana wengi hujibu kwa kubahatisha. Rudieni kwa chupa mbili za maji, moja baridi na moja vuguvugu. Pale majibu yanapoanza kukosewa, pigeni mstari kwa kalamu. Kwa T10 utakuwa karibu na kitovu, ila kulia na kushoto si lazima vilingane. Pedi zote zikae upande wa juu wa mstari, pale anapohisi. Msiweke moja juu na nyingine chini: mkondo utapita vizuri tu, lakini ile ya chini ikiunguza hakuna wa kusema.

Tumieni pedi za sentimita 5 kwa 5. Waya wa kwanza uwe wa upande wa kulia pekee: pedi moja vidole vitatu kutoka katikati ya mgongo, ya pili ifuate mteremko wa mbavu kuelekea ubavuni, na kati yao pabaki nafasi isiyopungua upana wa pedi moja. Waya wa pili fanyeni vivyo hivyo kushoto. Msivushe mkondo kutoka mgongoni hadi mbele ya kifua. Vyuma vya kwenye pingili havizuii TENS kama mshono umeshapona, ila pedi isikae juu ya kovu.

Hz (idadi ya mapigo kwa sekunde) wekeni 80 hadi 100, µs (urefu wa kila pigo) wekeni 100, na modi iwe ya mfululizo. Nguvu ndiyo inayowashinda wengi. Ongezeni taratibu mpaka asikie mchonyoto mkali usiouma, na misuli isiruke. Baada ya dakika 5 hadi 10 mchonyoto hufifia kwa sababu mwili umeuzoea, basi ongezeni tena kidogo. Mtu anayeiacha kwenye mtekenyo mwepesi huishia kusema mashine haifai. Dakika 30 hadi 45, mara mbili au tatu kwa siku, na asilale nayo. Msitarajie nafuu ya kutwa nzima, maana sehemu kubwa huja mashine ikiwa inafanya kazi, na kidogo baada ya kuzima.

Ipo namna nyingine ya Hz 2 hadi 4 na µs 200, inayofanya misuli irukeruke. Hiyo hutegemea dawa asilia za mwili za kutuliza maumivu, na kwa anayemeza tramadol au morphine kila siku huwa dhaifu, kwani dawa hizo na zile asilia za mwili hutumia mlango uleule.

Ngozi ioshwe kwa sabuni na ikaushwe, isipakwe mafuta ya nazi wala losheni. Nywele zipunguzwe kwa mkasi, wembe huacha michubuko. Akisema pembeni panachoma kama sindano, pedi imekauka au imebanduka ukingo, na mkondo wote umekusanyika padogo. Tone la maji huirudisha kwa muda, ikikataa itupwe. Shusheni nguvu hadi sifuri kabla ya kubandua.

Mwenye betri ya moyo asiitumie bila idhini ya daktari wake. Isiwekwe mbele ya shingo, juu ya uvimbe wa saratani, tumboni mwa mjamzito, wala kwenye mguu unaoshukiwa kuwa na damu iliyoganda. Kwa msomaji aliyeumia T6 au juu zaidi: kichwa kikigonga ghafla, uso ukatoa jasho na presha ikapanda, zima mashine, mketishe wima, legeza nguo, kisha kagua kama mpira wa mkojo umejikunja.

Kwa nyayo zinazowaka, muulizeni daktari kuhusu dawa za gabapentin, pregabalin au amitriptyline. Hii ya mwisho huweza kuzuia mkojo, kwa hiyo mwelezeni anavyokojoa.

Kutembea? Hapana, si kwa mashine hii. Umeme wa kukaza misuli ya miguu ni mwingine, na hufanya kazi ya kawaida pale tu neva itokayo kwenye uti hadi kwenye msuli ingali hai. Miguu inayokakamaa na kurukaruka yenyewe huitikia, ile iliyolegea na kukonda kabisa mara nyingi haiitikii. Baada ya mwaka mifupa huwa myepesi na mkazo mkali huweza kuivunja, kwa hiyo ni kazi ya kusimamiwa na mtaalamu wa fiziotherapia. Wale wa Louisville, Marekani, walioripotiwa kuanzia 2011 kusimama au kupiga hatua tena, walipandikizwa nyaya za umeme juu ya uti wenyewe na kufanyishwa mazoezi kwa miezi mingi. Na kifaa cha juu ya ngozi kinachoitwa ARC-EX, kilichoruhusiwa Marekani Desemba 2024, ni kwa ajili ya mikono ya walioumia shingo na kubakiwa na mawasiliano kiasi.

Andikeni maumivu kwa alama 0 hadi 10 kabla, dakika ya 20 na saa moja baadaye, kwa siku 14. Yasiposhuka hata kwa asilimia 30, msiendelee kununua pedi. Ule mstari wa kalamu urudieni kila mwezi. Ukiona umepanda kutoka kitovuni kuelekea kifuani, au maumivu mapya yamezuka juu yake, mpelekeni hospitali yenye MRI, kwani maji huweza kujikusanya ndani ya uti hata miaka baada ya ajali.