Wakawizi na furu wa Ghuba ya Mwanza

Swali lenu la wiki hii lilikuwa hivi: tuseme wametua viumbe kutoka sayari nyingine wanaoweza kuuchezea muda, wangekuwa wa namna gani, na wewe ungewaomba nini? Mimi ni msomaji wenu wa Kirumba, Mwanza, na viumbe wangu nimewapa jina la Wakawizi.

Kwanza niseme wasichokiweza. Hawawezi kurudi nyuma. Najua watu wa huku wakisikia swali kama hili mawazo yanakimbilia tarehe moja, 21 Mei 1996, siku meli ya MV Bukoba ilipozama ikiwa imekaribia Mwanza na kuondoka na mamia ya watu. Wapo ambao wangetoa chochote ili siku ile irudiwe, na siwezi kumwambia hata mmoja wao kwamba anakosea kutamani hivyo. Lakini ukishampa kiumbe uwezo wa kufuta siku moja, umempa wa kufuta zote, na kila siku iliyopita ina watu waliozaliwa kwa sababu yake. Chukua mfano wa sangara: hakuwa samaki wa Ziwa Victoria. Alipandikizwa wakati wa ukoloni, miaka ya 1950 na mwanzoni mwa miaka ya 1960, na baadaye viwanda vya minofu vikafunguliwa. Baba yangu alitoka Musoma kufuata kazi ya kiwandani, akaoa hapa hapa. Akitokea wa kwenda kuzuia ndoo ya kwanza ya sangara isimwagwe ziwani, ataokoa samaki wengi mno, ila mimi na wadogo zangu hatutakuwepo. Mamlaka hayo simpi kiumbe yeyote, hata wa kubuni.

Wanachokiweza Wakawizi ni kupunguza mwendo wa muda, hatua chache tu kuwazunguka. Hili halipingani na elimu tuliyo nayo. Tangu Einstein aeleze nadharia yake mwaka 1915, tunajua kwamba muda huenda polepole zaidi karibu na kitu kizito. Saa zilizomo kwenye satelaiti za GPS hutangulia za ardhini kwa takriban sehemu 38 za milioni ya sekunde kila siku. Zisiporekebishwa, ndani ya siku moja simu ya dereva wa bodaboda ingekosea kwa kilomita kadhaa, imwoneshe yuko Igoma naye yuko Buzuruga.

Umbo lao nimelichukua kwa kamongo. Samaki huyu maji yakimkaukia huchimba tope, hujikunja mpaka mkia ukafunika kichwa, kisha hutoa ute unaokauka ukawa ganda na kubakiza tundu dogo la kupumulia. Humo anaweza kukaa mwaka na zaidi, moyo ukipiga polepole, anaishi kwa akiba ya mwili wake, huku taka za mwili zikigeuzwa urea na kurundikana ndani yake mpaka mvua irudi. Nimependa kwamba kukawia kwake kuna gharama. Wakawizi nao wanalipa: kila wanapoufinya muda wao, yanayotokea nje yanawapita.

Sasa tuwalaze. Ziwa Victoria liliwahi kukauka, na likajaa tena kiasi cha miaka 15,000 iliyopita. Wakawizi walifika likiwa bonde kavu, wakajichimbia kwenye tope la ilipo sasa Ghuba ya Mwanza, wakaufinya muda kiasi kwamba miaka hiyo yote kwao ni usiku mmoja wa saa kumi na mbili. Fanya hesabu: dakika yao moja ni miaka yetu ishirini na kidogo. Jiji letu, tangu Wajerumani waweke kituo chao hapa mwaka 1892, halijafikisha dakika saba.

Katika usiku huo waliona jambo ambalo binadamu hatujaliona kwa macho: furu, samaki wadogo wa ziwa hili, wakizaliwa aina baada ya aina. Leo wanasayansi wanahesabu zaidi ya aina 500 ambazo hazipo kwingineko duniani. Yupo wa mawe, Pundamilia nyererei, aliyepewa jina hilo la nyererei mwaka 1985 kwa heshima ya Mwalimu. Dume lake lina mgongo mwekundu na ubavu wa njano wenye milia myeusi. Jike hana rangi za kuonesha, lakini hulea mdomoni. Watoto wanaovua kwa ndoano kwenye mawe wanamjua vizuri: ukimtoa majini anatema vifaranga kiganjani mwako, vidogo mno, macho tu ndiyo unayoyaona vikirukaruka.

Kisha miaka ya 1980 sangara, ambao huwala furu, wakaongezeka ghafla. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Leiden, Uholanzi, waliokuwa wakivua na kuhesabu furu kwenye ghuba hii tangu miaka ya 1970, walishuhudia nyavu zao zikitoka bila samaki waliowazoea. Inakadiriwa aina kama 200 zilipotea, nyingine kabla hazijapewa jina la kisayansi. Ilichukua muongo mmoja. Kwa Wakawizi ni nusu dakika, na hapo ndipo ninapowahurumia kwa dhati. Viumbe pekee walioona furu wakitokea, wangepepesa jicho tu na kuwakosa.

Ningewaamsha. Sangara walipovuliwa sana, baadhi ya furu walianza kurudi, ila sasa kuna tatizo la pili, la maji kuchafuka. Jike wa furu huchagua dume kwa rangi, na penye tope haoni. Utafiti uliofanyika kwenye ghuba hii na kutangazwa mwaka 1997 ulionesha kwamba penye maji machafu aina zilizokuwa mbalimbali zinapandana na kuwa kitu kimoja. Kwa hiyo ombi langu ni hili: wale walio hatarini zaidi, Wakawizi wawakusanye kwenye mawe ambako maji bado ni maangavu, wajilaze kando yao na kuwakawiza, ili miaka yetu hamsini iwe kwao siku chache. Wasianze kabla ya kukaa na wavuvi wazee wa Igombe na Kayenze, kwa sababu wao ndio wanaojua furu gani alikuwa anapatikana mwamba gani.

Hiyo miaka hamsini ni yetu, siyo ya Wakawizi. Mto Mirongo unapita katikati ya jiji na kumwaga taka zetu ziwani kila mvua inaponyesha, na mashamba ya kandokando yanaendelea kuteremsha udongo na mbolea. Furu watakapoachiwa watatoka na umri ule ule waliokuwa nao, wakitafuta wenzi kwa macho kama walivyozoea, na maji tutakuwa tumeyaandaa sisi.