Jibu: Programu inadai VCRUNTIME140.dll haipo wakati umeshaiweka

Habari ndugu. Nimekuelewa hivi: Windows yako ni ya biti 64, umeweka Visual C++ Redistributable (kifurushi cha Microsoft chenye faili ambazo programu nyingi huzihitaji), ila programu ya hesabu bado inagoma kufunguka ikidai VCRUNTIME140.dll, mojawapo ya faili hizo, haipo.

Anza na biti. Angalia programu imekaa folda gani. Ikiwa ndani ya Program Files (x86), mara nyingi ni ya biti 32, na hiyo haiwezi kutumia faili la biti 64 hata likiwepo. Inataka kifurushi hicho toleo la x86, yaani la biti 32. Mimi huweka yote mawili, x86 na x64 (la biti 64), kila mashine, hayagombani.

Majina ya folda ndiyo yanayopoteza watu: faili la biti 64 hukaa System32, la biti 32 hukaa SysWOW64. Niliwahi kushinda dukani kwa mteja mchana kutwa kwa kuwa nililiona faili System32 nikaamini mambo yako sawa. Kumbe programu ilikuwa inalitafuta kule kwingine. Nilipoweka x86, ikafunguka papo hapo.

Pakua kifurushi kwenye tovuti ya Microsoft yenyewe. Tafadhali sana, usiokote faili za DLL moja moja kwenye tovuti zinazozigawa, hujui nani ameichezea, na hiyo ni kompyuta yenye hesabu za watu.

Ujumbe ukibadilika na kutaja VCRUNTIME140_1.dll, toleo lako la x64 ni la zamani, weka jipya. Ikigoma bado, bandika hapa ujumbe wote kama ulivyo tuuangalie.