Mwulize Fundi: Serikali ya Wakati Inajuaje?

SWALI: Shikamoo Fundi. Ninaandika riwaya kuhusu Mamlaka inayotawala wakati katika mikondo mingi ya dunia. Askari wake hukata kila mkondo uliopotoka. Wenzangu walioisoma wanasema haiwaingii akilini. Nimeongeza mashine, silaha, hata vyeo, lakini wapi! Nimekutumia sura tatu. Kosa langu ni nini?
Mwandishi mchanga

JIBU: Marahaba, mwanangu. Sura zako nimezisoma mara mbili, na mashine hazina kosa. Ila Mamlaka yako inajua mno. Mkuu wa mnara anatazama kioo, anaiona mikondo yote papo hapo, anatamka kwamba huu umepotoka, basi. Amejuaje?

Kabla ya kushika kalamu nilikuwa fundi saa. Ukutani, juu ya meza yangu ya kazi, zilining'inia saa nilizokwisha kuzitengeneza, na hazikuwapo mbili zilizokubaliana hadi sekunde. Watu walizitazama, kisha wakaniuliza, "Sasa ya kweli ni ipi?" Riwaya yako nzima imo ndani ya swali hilo.

Tazama wakati huu wetu unavyotawaliwa. Huko Sèvres, Ufaransa, iko ofisi ya kimataifa ya vipimo inayokokotoa saa ya dunia nzima, ile iitwayo UTC. Hukusanya vipimo vya mamia ya saa za atomiki, zile zinazohesabu wakati kwa mitetemo ya atomu, kutoka maabara za nchi nyingi na kutafuta wastani, huku saa tulivu zikipewa uzito zaidi. Kisha kila mwezi hutoa waraka wa kuiambia kila maabara kwamba siku fulani saa yake ilikuwa mbele au nyuma kwa nanosekunde kadhaa, yaani sehemu za bilioni za sekunde. Ilikuwa, mwanangu! Hesabu kamili ya saa ya leo itatoka baadaye, leo ikiwa imekwisha kupita. Wala hakuna saa hata moja inayoonyesha UTC yenyewe. Kila maabara huishi na makadirio yake. Miaka yote niliyokaa na bisibisi mkononi sikulijua jambo hili, na siku nilipolisoma usingizi ulinipaa.

Ipe Mamlaka yako ucheleweshaji huo. Hukumu ya kukata mkondo ifike wakati watu wa mkondo ule wamekwisha kuoana, kuzaa na kuzikana. Askari wako abishe hodi, akaribishwe ndani.

Amri za kufuta siku zimewahi kutolewa, usidhani ni ndoto tu. Mwaka 1582, kwa agizo la Papa Gregory XIII, tarehe 4 Oktoba ilifuatwa na tarehe 15. Samoa nayo, nchi ya visiwa vya Pasifiki, ilipohamia upande wa pili wa mstari wa tarehe, pale siku moja inapopakana na nyingine, ilitoka Alhamisi 29 Desemba 2011 ikaingia Jumamosi 31. Waliopaswa kufanya kazi Ijumaa hiyo isiyokuwapo walitakiwa kulipwa mshahara wao. Hiyo ndiyo serikali ninayoiamini: inafuta siku, halafu inakumbuka kwamba kuna mtu aliyekuwa akiitegemea. Katika sura zako sijaona hata mtu mmoja anayedai chake.

Sasa, mnara. Mwaka 1957 mwanafizikia Hugh Everett alitoa wazo ambalo baadaye liliitwa la dunia nyingi: kipimo cha kwantamu, yaani cha vitu vidogo mno kama atomu, hakichagui tokeo moja, bali matokeo yote yanaendelea, kila moja katika tawi lake, na aliye katika tawi moja halioni lingine. Wewe umeamua yaonekane. Sawa, ni haki yako kama mtunzi, lakini tuambie mnara umesimama katika mkondo gani. Mnara ukisimama nje ya yote, utakuwa umeumba mungu, na msomaji hatamhofia askari wa mungu asiyekosea. Ukisimama ndani ya mmojawapo, basi nao ni saa mojawapo pale ukutani.

Mimi ningeuweka ndani. Na yule karani wa sura ya tatu, anayegonga mihuri bila kusoma, usimwache apite hivyo hivyo. Mletee waraka uliochelewa, namba ya mkondo wa kukatwa ikiwa juu, na asubuhi hiyo aisome. Iwe namba ya mkondo wake mwenyewe.