Usiwahi kuzima kamera, maji bado yanapwa

Juzi kuna binti kanitumia meseji, ndo anaanza kupiga dokumentari, ananiuliza kaka unawezaje kuweka shoti moja ya dakika nane, bahari tupu, watu wasilale? Swali limenikaa siku mbili maana limegusa kidonda.

Mwaka jana dokumentari yangu ya Paje, kijiji cha pwani Zanzibar, ile ya kina mama wanaolima mwani baharini, ilichukuliwa na kituo kimoja cha televisheni, wakanipa advansi, nikafurahi kweli, kumbe mhariri wao kachukua ile shoti ya maji kupwa niliyoiamkia alfajiri kaikata ikabaki sekunde nne tu, kabandika muziki na picha za droni. Nimeangalia jina langu linapita pale mwisho sikuongea na mtu. Mpaka leo inauma.

Maana ile shoti ndo filamu yenyewe. Mama wa mwani hatoki nyumbani kwa saa ya ukutani, anatoka kwa maji. Siku za bamvua, mwezi ukiandama au ukiwa mpevu, bahari inapwa mpaka kwenye saa nne asubuhi na inaenda mbali kabisa, ndo unaona vigingi na kamba za mwani. Maji mafu yakiingia, yani siku bahari haipwi mbali, hamna kazi, hata uje na kamera ya mamilioni. Sasa kwa sekunde nne mtu anaona ufukwe wa watalii, basi. Mpe dakika nane ataona kamba zinachomoza moja moja, na yule aliyekuwa nukta kule mbali amefika karibu, ana sura, ana gunia kichwani linachuruzika maji.

Aliyenifumbua macho ni James Benning, Mmarekani wa Milwaukee. Filamu yake 13 Lakes ya 2004 ni maziwa 13, kila ziwa shoti moja ya dakika 10, kamera haisogei, hakuna anayekuelezea kitu. Alikuwa anapigia filamu ya milimita 16, na roli ya futi 400 inaisha kwa dakika 11 hivi, yani anaiachia karibu roli nzima ziwa moja. Mara ya kwanza nilichoka dakika ya tatu. Dakika ya nne nikaanza kuona upepo juu ya maji, nikakaa mpaka mwisho.

Kwa hiyo mdogo wangu, nenda kwanza bila kamera, kaa. Waulize wenyeji maji yanatoka lini, sio simu yako. Ukishasimamisha stendi usiiguse, na sauti irekodi yote, hata pale unapoona hakuna sauti. Kaa tena. Vijana tunakimbilia droni kabla hatujajua hata upepo wa kusi unaanza mwezi gani, tuache hii haraka jamani, mahali hapajifungui kwa mtu mwenye haraka.

Bamvua ijayo narudi Paje, na safari hii advansi ya mtu sijachukua.