Uliza Mzee wa Nyaya: Janet ni nani?

*Shikamoo Mzee wa Nyaya. Kaka yangu alisoma London kuanzia 2001 hadi 2003. Juzi wifi yangu, mke wa kaka, alikuwa akipanga sanduku la vitabu akakuta daftari lina michoro: nusu duara mbili zimepeana mgongo, duara tupu, na duara jingine lenye herufi W ndani. Juu ya hilo la W, kushoto kumeandikwa "bluedoor", kulia "Janet", na chini 512. Mama anasema ni mambo ya uganga. Wifi anasema ni mambo ya Janet. Kaka akiulizwa anacheka tu. Tusaidie. – Binti wa Tanga*

Marahaba, binti yangu. Mama amekosea, na wifi naye kakaribia kukosea. Hizo ni alama za intaneti isiyo na waya, na bahati ya kaka yako ni kwamba mimi miaka hiyo nilikuwa hukohuko London, nafagia maofisi usiku.

Juni 2002 mbunifu mmoja wa huko, Matt Jones, alitoa alama tatu za kuchorwa kwa chaki ukutani au kwenye njia ya waenda kwa miguu. Wazo alilitoa kwa wazururaji wa Marekani, wale wa miaka ya njaa ya 1930 waliokuwa wakidandia treni za mizigo kutafuta vibarua. Wao walichoreana getini: hapa wanatoa chakula, hapa kuna mbwa mkali. Jones akageuza chakula kuwa mtandao. Nusu duara zilizopeana mgongo maana yake uko wazi, jina lake juu, kasi yake chini. Duara tupu, umefungwa. Duara lenye W, umefungwa kwa WEP, kufuli ya siku zile. (Kufuli ya bati, kusema kweli, tangu 2001 wataalamu walishaonyesha namna ya kuivunja.)

Magazeti yalishangilia kana kwamba kila ukuta umechorwa. Nokia, kampuni ya simu, wao wakasema waziwazi kuwa kutumia mtandao wa mtu namna hiyo ni wizi. Mimi London nzima niliona alama moja, ubavuni mwa jengo la ofisi. Siku ya mapumziko nikarudi na kompyuta yangu nzito kama tofali, kadi ya mtandao nimeichomeka ubavuni, nikakaa ngazini nikamwandikia dada yangu barua pepe. Sijamaliza salamu, mlinzi akatoka. Akanitazama, akaitazama chaki, akarudi ndani, akatoka na ndoo ya maji. Neno hakunipa. Nikafunga kompyuta nikaondoka nimeinamisha kichwa. Ile alama ilinionyesha mlango haujafungwa. Kama mwenye nyumba alisema karibu, haikuonyesha, na hiyo kwangu ndiyo kasoro yake kubwa.

Haikudumu pia. Chaki na mvua ya London wapi na wapi! Halafu kompyuta zenyewe zikawa zinaorodhesha mitandao iliyo karibu, na mikahawa iliyotaka wateja ikabandika stika mlangoni. Nani tena ahangaike kusoma kuta?

Sasa Janet. Kwenye lile duara la W, kushoto huandikwa jina la mtandao, na kulia huandikwa mtu wa kumwona ili akupe ufunguo. Kwa hiyo "bluedoor" ni mtandao, 512 ni kilobiti kwa sekunde, kasi ambayo enzi hizo tuliiona ni neema, na Janet ndiye aliyekuwa anaombwa ufunguo. Kaka yako alinizidi adabu: mimi nilikaa kwenye ngazi za watu bila hodi, yeye aliandika wa kumpigia hodi.

Kama Janet alitoa ufunguo wa mtandao peke yake, hilo wifi amuulize mumewe. Mimi ni wa nyaya.