Ukipunguza ampea halafu ukachelewa, shiti itapinda tu

Wakuu, habari za kazi. Mimi nipo Tabora, kazi yangu kuchomelea, mageti, madirisha, na msimu wa tumbaku ukikaribia ndo tunabanwa na mabomba ya mabani, majengo ya kukaushia tumbaku, yale yanayotoka kwenye tanuru yanazunguka ndani ya bani kupeleka joto. Naona vijana wengi saivi wametoka kwenye fimbo za kuchomelea wamehamia mashine za MIG, zile zinazosukuma waya zenyewe kupitia tochi ya kuchomelea, na kilio chao ni kimoja, shiti nyembamba inapinda, inatoboka, mteja anakataa mzigo.

Mimi kilinikuta kwenye kazi ya mzee mmoja wa Urambo, mabomba ya shiti geji 18, yaani kama milimita 1.2. Nilishusha ampea, yaani umeme wa mashine, mpaka 50 nikijua hapo nipo salama, nikaanza mshono kichwa mpaka mkia bila kuinua mkono, taratiiibu. Nafika mwisho bomba limejikunja kama upinde, mdomo umekuwa yai, haliingii kwenye lenzake, na la pili nikatoboa sehemu tatu nikawa naziba ziba. Mzee akaniambia fundi, hili bomba likivuja moshi tumbaku yangu yote inanuka, sokoni inashushwa gredi, nani atanilipa? Alikuwa na haki kabisa. Nikanunua shiti upya kwa hela yangu.

Sasa kosa lilikuwa wapi. Joto linaloingia kwenye chuma ni volti mara ampea, unagawa kwa spidi ya mkono wako. Volti 15 kwa ampea 50 ni wati 750, ukitembea sentimita 15 kwa dakika unamwaga jouli 300 kwenye kila milimita. Panda mpaka volti 16 na ampea 70, ila mkono utembee sentimita 40 kwa dakika, inashuka mpaka jouli 168 hivi. Umeona hapo? Ampea zimeongezeka na joto limekaribia kupungua nusu, kwa sababu hukukaa. Kwahiyo usiogope ampea, ogopa kukaa sehemu moja.

Waya tumia wa milimita 0.8, kama unapata 0.6 ni nzuri zaidi kwa geji 18 na 20. Gesi ya kukinga mshono, ile ya kuchanganya, agoni na kaboni dayoksaidi, inatulia kuliko kaboni dayoksaidi tupu, hiyo tupu inatema cheche sana na inataka volti kidogo juu, ila ukiwa nayo hiyo hiyo piga kazi. Waya utoke kwenye ncha ya tochi kama milimita 8 mpaka 10, usizidi. Ukiweka sawa utasikia mlio mkali unaofuatana, kama mvua ya mawe kwenye bati, hapo waya unagusa chuma na kuachia makumi ya mara kwa sekunde, na ndo namna ya MIG inayotumia joto dogo. Ukisikia pu, pu, pu na waya unasukuma mkono wako nyuma, waya ni mwingi kuliko volti. Kuna mashine kama CMT za Fronius ambazo waya unarudishwa nyuma wenyewe kila tone linapodondoka, ni nzuri sana ila bei yake siyo ya karakana zetu.

Tochi isukume mbele, usiivute, na kazi ikiwezekana isimamishe ushuke nayo kutoka juu kwenda chini, kwa shiti nyembamba tu lakini, usije ukafanya hivyo kwenye chuma kinene kinachobeba mzigo maana mshono haushiki ndani.

Taki zako, yale madoa ya kushikiza shiti kabla ya mshono, ziwe karibu karibu, sentimita 3 mpaka 5, na shiti zikutane kabisa, uwazi ndo unaotoboa. Halafu choma kipande kifupi hapa, ruka nenda kule mwisho, rudi katikati. Mimi naweka kiganja karibu na mshono, nikiona siwezi kukiacha pale kwa joto naenda kunywa maji kwanza. Nyuma ya mshono nabana kipande cha shaba nyekundu, kinanyonya joto na waya haushiki pale.

Shiti ya mabati yenye zinki, saga zinki pembeni ya mshono kwanza na ukae upepo ukupige mgongoni, ule moshi mweupe unaleta homa na baridi usiku. Maziwa hayazuii, wengi wanajidanganya.

Nikimaliza bomba nasubiri giza, naingiza taa ndani naziba midomo yote miwili. Kila penye nukta ya mwanga napasaga, naweka shaba nyuma, nabonyeza tochi mara moja tu fupi, naachia, naangalia tena.