Shangazi, baraza limempa baba mdogo nyumba yetu

"Shangazi, shikamoo. Baba alifariki 2016 akatuachia nyumba Ngamiani, hapa Tanga. Baba mdogo akaibuka na karatasi, anadai marehemu alimuuzia. Mimi na kaka tukamshtaki Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, na wiki tatu zilizopita tumeshindwa. Juzi nimekuta risiti za kodi ya jengo kwenye sanduku la mama. Mama anasema tumwachie Mungu, ukoo unasema tunajiaibisha. Nikate rufaa?" Binti wa Ngamiani

Marahaba mwanangu, na pole sana. Kushindwa na ndugu wa baba yako kunauma kuliko kushindwa na mtu baki.

Rufaa kutoka Baraza la Wilaya huenda Mahakama Kuu, nayo ina masjala hapo hapo Tanga. Sheria inakupa siku 45 tangu hukumu, na karibu nusu zimeshakwisha. Kwa hiyo kabla ya kikao chochote cha ukoo, nenda barazani na barua ya kuomba nakala ya hukumu na tuzo, yaani amri rasmi inayotokana na hukumu hiyo. Nakala ya barua hiyo igongwe muhuri wa kupokelewa, uitunze. Siku za kusubiri nakala zinaweza kuondolewa kwenye hesabu, lakini usizitegemee. Anayechelewa huomba kuongezewa muda na kutoa sababu za msingi, na "tulikuwa tunasuluhishana nyumbani" ni sababu dhaifu.

Kuna jambo hukulieleza, na ndilo linalonitia wasiwasi zaidi: mlishtaki kwa cheo gani? Mali ya marehemu hudaiwa na msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama. Kuwa mtoto wa marehemu pekee kwa kawaida hakutoshi. Kama mliingia kwa majina yenu tu, Mahakama Kuu inaweza kuufuta mwenendo wote wa kesi bila kusema nyumba ni ya nani. Hapo mtaanza upya: kwanza Mahakama ya Mwanzo kuomba usimamizi, kisha shauri jipya. Na madai ya ardhi yana ukomo wa miaka 12, ambao kwenu unaweza kuhesabiwa tangu msiba, yaani hadi 2028. Mweleze wakili hili kabla ya lingine lolote. Kama fedha ya wakili haipo, tafuta msaada wa kisheria. Upo kwa mujibu wa sheria ya 2017, na si sadaka.

Risiti zile zisikulevye. Mahakama Kuu itapima yaliyorekodiwa barazani. Ushahidi mpya hupokelewa kwa nadra, tena ukieleza kwa nini haukuletwa mwanzo. Zihifadhi, shauri likianza upya zitakufaa. Kwa sasa kazi yako ni ile karatasi ya mauziano. Ilipokelewaje? Walioshuhudia waliitwa kuhojiwa? Mlipoipinga, je, hukumu imejibu hoja zenu au imezipita? Sababu za rufaa ziandikwe juu ya makosa ya namna hiyo. Uchungu wako ni wa haki kabisa, ila jaji hawezi kuutolea hukumu.

Jambo jingine watu hulisahau wakalia baadaye: kufungua rufaa hakumzuii baba mdogo kukazia hukumu, yaani kuomba itekelezwe. Omba zuio la utekelezaji mapema, kabla dalali wa kutekeleza hukumu hajafika mlangoni na mama yumo ndani.

Ama mama, usigombane naye. Amechoka, na huyo ni shemeji yake. Mwambie kukata rufaa si kumtukana mtu, ni kuomba jaji aangalie tena. Nao wazee wa ukoo, wakitaka suluhu ya kweli, wapokee kwa heshima, rufaa ikiwa imeshafunguliwa. Mkikubaliana, makubaliano yaandikwe, yasainiwe na pande zote na yasajiliwe mahakamani. Ya mdomo usiyakubali, hata yakitoka kwa mtu unayempenda.